Oumarou Ganda: Kuli wa Abidjan Aliyeshika Kamera Mwenyewe

Mhariri wa jarida letu aliponiomba makala ya historia kwa ajili ya mkutano wa mwaka huu, nadhani alitaraji nitachagua Vita vya Majimaji au safari za misafara ya kwenda bara, kwa kuwa hayo ndiyo tuliyoyasoma sana tulipokuwa hapa shuleni. Nimechagua jambo jingine. Nitaeleza habari za Oumarou Ganda wa Niger, aliyezaliwa Niamey mwaka 1935 na kufariki tarehe 1 Januari, 1981. Mtu huyu alikuwa askari wa Wafaransa, kisha kuli wa bandari, kisha msaidizi wa kukusanya takwimu, kisha mchezaji katika sinema ya Mfaransa mmoja, na mwisho akawa mtengenezaji wa sinema zake mwenyewe.

Sababu ya kumchagua ni hii. Wazee wetu husema kwamba adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Methali hiyo ni ya kweli, lakini ina shida yake: maiti hasemi. Basi kwa muda mrefu wengine wamesema kwa niaba yake, na wengine hao wakaitwa wataalamu. Maisha ya Ganda yanatuonesha, hatua kwa hatua, jinsi mtu aliyekuwa akitazamwa alivyopata kusemeshwa, kisha alivyoona kwamba kusemeshwa hakutoshi. Sinema alizoshiriki na alizozitengeneza zilichanganya mambo yaliyotokea kweli na hadithi ya kubuni, na katika mchanganyiko huo ndimo swali lenyewe lilimojificha: ni nani mwenye kuamua lipi ni kweli katika maisha ya mtu?

Sinema kabla ya sauti yetu

Yafaa tuanze na hali ilivyokuwa wakati wa ukoloni. Mwaka 1934 serikali ya Ufaransa ilitoa amri, ambayo huitwa Amri ya Laval, kwamba mtu yeyote atakaye kupiga sinema katika makoloni yake ya Afrika sharti apate kwanza kibali cha wakuu wa koloni. Wakuu hao walikuwa na uwezo wa kukagua hadithi na watu watakaoshiriki. Amri hiyo ilifanya kazi yake vizuri. Mwaka 1955 Paulin Soumanou Vieyra na wenzake walipotaka kutengeneza sinema fupi juu ya Waafrika, ilibidi waipige Paris, mbali na makwao. Waliiita Afrique-sur-Seine, yaani Afrika kando ya mto Seine.

Upande wetu mambo yalikuwa na sura nyingine, lakini shina ni lile lile. Kati ya mwaka 1935 na 1937 palikuwa na kituo cha Waingereza huko Vugiri, katika milima ya Usambara, kilichotengeneza sinema 35 za kuwafundisha Waafrika mambo ya kilimo, afya, akiba ya fedha na mengineyo. Waliocheza walikuwa watu wa kwetu. Waliokata shauri juu ya nini kioneshwe, na kina maana gani, hawakuwa wa kwetu. Mkulima aliyeonekana katika picha alikuwa kama mfano ubaoni: mwalimu anauchora, mwalimu anaufuta.

Mhandisi wa barabara

Mfaransa aliyekutana na Ganda aliitwa Jean Rouch. Alizaliwa Paris mwaka 1917, akasomea uhandisi wa barabara na madaraja, na mwaka 1941 alikwenda Niger kusimamia ujenzi wa barabara. Mwaka 1942 radi iliwapiga na kuwaua baadhi ya vibarua wake. Kijana mmoja aliyefanya kazi naye, Damouré Zika, alimpeleka kwa bibi yake aliyeitwa Kalia, aliyekuwa mkuu wa mambo ya pepo miongoni mwa Wasonghai. Rouch alishuhudia ngoma ya kuwasihi pepo wa radi. Barabara ziliendelea kujengwa, lakini akili ya mhandisi ilikwisha hama. Baada ya vita alisomea elimu ya mila na desturi za watu, na katika miaka ya 1946 na 1947 alisafiri na Wafaransa wenzake wawili kwa mtumbwi kuufuata mto Niger, akiwa na kamera ndogo aliyoinunua katika soko la mitumba mjini Paris.

Jambo moja lililotokea katika kijiji cha Ayorou, mwanzoni mwa miaka ya 1950, lastahili kukumbukwa na kila mwandishi wa historia. Rouch alikuwa amepiga picha za wavuvi wa hapo wakiwinda viboko. Akarudi na sinema iliyokamilika, akatundika shuka jeupe, akawaonesha wenyewe. Watu walifurahi kujiona, na walilia walipowaona waliokwisha kufa. Walipotulia wakaanza kumkosoa. Katika sehemu ya mawindo yenyewe Rouch alikuwa ametia muziki wa wawindaji ili kuchangamsha watazamaji. Wavuvi wakamwambia kwamba kiboko ana masikio. Ukipiga muziki wakati wa kumnyemelea atakimbia, na mawindo yamekwisha. Rouch akauondoa muziki ule.

Katika jambo hilo dogo pana fundisho kubwa. Maprofesa wa Paris wasingaliweza kamwe kulitambua kosa lile. Walioweza ni wale waliokuwa majini na mikuki yao. Tangu hapo Rouch alishika desturi ya kuwarudishia watu picha zao na kusikiliza wanasemaje. Kadhalika, kutokana na mazungumzo ya namna hiyo, Damouré Zika na wenzake walimtaka sasa atengeneze nao sinema ya hadithi, ambayo wao wenyewe watakuwa ndio wasafiri na wasimulizi.

Kamera ya sekunde 25

Matokeo yake yalikuwa sinema iitwayo Jaguar. Mwaka 1954 Damouré Zika, Lam Ibrahim Dia na Illo Gaoudel walisafiri kutoka Niger hadi Gold Coast, ambayo sasa ni Ghana, kutafuta kazi na bahati, kama maelfu ya vijana wa nchi yao walivyokuwa wakifanya kila kiangazi. Safari ilikuwa ya kubuni, lakini njia, masoko, migodi na miji vilikuwa vya kweli. Hapakuwa na maandishi ya kukariri. Asubuhi walikubaliana watafanya nini, na jioni walijua kimetokea nini.

Kamera ya Rouch ilikuwa ya kutia ufunguo kama saa ya zamani. Baada ya sekunde 25 hivi husimama, nawe sharti uitie ufunguo tena. Wala haikunasa sauti. Kwa hiyo sinema ilipigwa bubu. Miaka mitatu baadaye, mwaka 1957, Damouré na Lam waliketi mjini Accra mbele ya picha zao wenyewe, wakasimulia yaliyokuwa yakipita, wakitania, wakibishana na kujisifu. Wasomaji wanaokumbuka vibanda vya video vya mijini kwetu, ambamo msimulizi hukaa na maikrofoni akaitafsiri sinema ya Kichina kwa Kiswahili chake chenye chumvi, wataelewa mara moja utamu wa jambo hilo. Tofauti ni kwamba hawa walikuwa wakijisimulia wao wenyewe. Jaguar haikukamilika hadi mwaka 1967.

Isidhaniwe kwamba Rouch alisifiwa na kila mtu. Mwaka huo huo wa 1954, huko Accra, alipiga picha za wahamiaji wa Niger waliokuwa katika dini ya hauka. Watu hao walipopandwa na pepo waligeuka kuwa gavana, jenerali na dereva wa garimoshi, yaani mabwana wa kikoloni wenyewe. Sinema hiyo, Les Maîtres fous, maana yake Mabwana Wendawazimu, ilipooneshwa Paris ilileta ghadhabu. Waafrika waliokuwapo waliona kwamba Wazungu wataitazama na kusema, tazameni ushenzi wao. Profesa wake mwenyewe, Marcel Griaule, alitaka iteketezwe. Waingereza waliipiga marufuku Gold Coast, kwa kuwa wao walielewa vizuri ni nani aliyekuwa akidhihakiwa. Kila mmoja alikuwa na sababu yake, lakini hoja ya Waafrika wale ilibaki na uzito: picha hizo zilikuwa na maelezo ya Rouch peke yake. Hakuna hata mmoja wa wahauka aliyepata nafasi ya kutueleza maana ya tendo lake.

Treichville, 1957

Hapa ndipo Oumarou Ganda anapoingia. Alikuwa amejiandikisha jeshini mwaka 1951, akiwa kijana wa miaka 16, akapelekwa Indochina kuwapigania Wafaransa katika vita walivyokuja kushindwa mwaka 1954. Aliporudi Niger mwaka 1955 hakupata kazi. Akaenda Abidjan, Kodivaa, akabeba mizigo bandarini. Rouch, aliyekuwa akifanya uchunguzi juu ya wahamiaji wa Niger katika mji huo, alimwajiri amsaidie kukusanya takwimu.

Niruhusuni niseme neno kama mtumishi wa serikali aliyeishi na mafaili zaidi ya miaka 15. Takwimu ni jambo jema, na nchi haiwezi kupangwa bila hizo. Lakini fomu ina nafasi ya jina, umri, kabila na kazi, na hapo inakwisha. Haina nafasi ya kuandika kwamba mtu huyu anatamani kuwa bondia, au kwamba usiku huota vita. Ganda alikuwa akizijaza fomu hizo juu ya watu waliokuwa kama yeye. Alijua kilichobaki nje ya fomu.

Mwaka 1957, katika mtaa wa Treichville, Rouch alianza kupiga pamoja naye na rafiki zake sinema iitwayo Moi, un noir, yaani Mimi, Mtu Mweusi. Vijana walijichagulia majina kutoka katika sinema walizozipenda. Ganda alijiita Edward G. Robinson, kwa jina la mchezaji maarufu wa Marekani. Mwenzake, Petit Touré, alijiita Eddie Constantine, na mwingine Tarzan. Sinema inafuata juma lao: siku za kazi wakisaka kibarua na kubeba magunia, Jumamosi na Jumapili ni pwani, ndondi, dansi na pombe. Katika ndoto Robinson anakuwa bingwa wa ngumi. Katika hali halisi hana senti, na mwanamke anayempenda anaondoka na baharia wa Kizungu.

Kama ilivyokuwa kwa Jaguar, picha zilipigwa bubu, kisha Ganda akaketi mbele yake na kusema. Alichokisema hakikuwa maelezo ya mtaalamu. Alijisemesha, akalalamika, akajicheka, akaulaani umaskini wake, akajidai kuwa yeye ndiye Robinson, kisha akakubali kwamba siye. Mpaka wa kweli na wa kubuni ulikuwa mwembamba mno. Yule Eddie Constantine alikamatwa na kufungwa miezi mitatu gerezani wakati sinema ikiendelea kupigwa, na kifungo hicho kikaingia katika hadithi.

Sehemu ya mwisho ndiyo isiyosahaulika. Robinson anatembea na rafiki yake kando ya wangwa wa Abidjan, akimsimulia vita vya Indochina. Maneno hayamtoshi. Anajitupa chini, anatambaa, anarusha guruneti lisilokuwapo, anaonesha jinsi watu walivyouawa. Anasema amefanya yote, na yote hayakumpa kitu.

Kijijini kwetu, nilipokuwa mdogo, alikuwako mzee aliyekuwa askari wa keya, aliyepelekwa Burma na jeshi la Waingereza. Akimaliza kahawa yake ya jioni, mara nyingine huinuka na kutuonesha vita, bakora yake ikiwa bunduki. Hakuwa akitueleza habari za Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki mwaka 1944. Hayo nilikuja kuyasoma vitabuni baadaye. Alikuwa akitueleza habari za mvua, matope, na rafiki aliyebaki kule. Nilipoiona sehemu hiyo ya sinema ya Ganda, nikiwa Chuo Kikuu, niliutambua mwili wa askari ukisema kile ambacho kinywa kimeshindwa. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake.

Sinema hiyo ilipata Tuzo ya Louis Delluc nchini Ufaransa mwaka 1958. Vijana wa sinema wa Paris waliipokea kama mwanga mpya. Jean-Luc Godard, aliyekuja kupata sifa duniani kwa sinema yake À bout de souffle ya mwaka 1960, aliisifu mno kwa maandishi. Basi kuli wa Abidjan alikuwa amewafundisha mabingwa wa Paris namna ya kutengeneza sinema. Yeye mwenyewe maisha yake hayakubadilika kwa kiasi hicho.

Malalamiko ya Ganda

Sasa nafika penye kiini cha makala haya. Mtu angeweza kusema: Ganda alipewa nafasi, alisema kwa sauti yake, sinema ikapata tuzo, anataka nini zaidi? Ganda hakuona hivyo. Baadaye alieleza kwamba hakuridhika na namna alivyooneshwa, na kwamba yamo mambo katika sinema ile yaliyopotoka. Sauti ilikuwa yake, lakini aliyechagua mahali pa kuelekeza kamera alikuwa Rouch. Aliyekata na kuunganisha vipande alikuwa Rouch pamoja na wasaidizi wake. Aliyefungua sinema kwa maelezo ya utangulizi alikuwa Rouch. Na lugha aliyoitumia Ganda kujieleza ilikuwa Kifaransa, lugha ya jeshi lililompeleka vitani.

Mwaka 1965 Ousmane Sembène wa Senegali, naye aliyepata kuwa kuli wa bandari huko Marseille kabla ya kuwa mwandishi na mtengenezaji sinema, alikutana na Rouch katika mazungumzo yaliyochapishwa. Alimwambia usoni kwamba yeye na wataalamu wenzake wa mambo ya Afrika huwatazama Waafrika kana kwamba ni wadudu. Maneno hayo hukaririwa sana. Kinachosahauliwa ni kwamba katika mazungumzo hayo hayo Sembène aliisifu Moi, un noir. Alisema kimsingi Mwafrika angeweza kuitengeneza, ila wakati ule hapakuwa na Mwafrika aliyekuwa na uwezo huo mikononi. Naona hukumu hiyo ilikuwa ya haki. Haikumtukana Rouch wala haikumwachia afurahie kupita kiasi. Iliweka deni mahali pake: kazi iliyobaki ilikuwa yetu.

Cabascabo

Ganda ndiye aliyelilipa deni hilo. Alirudi Niamey na kujifunza ufundi wa sinema katika Kituo cha Utamaduni cha Ufaransa na Niger, ambako palikuwa na kikundi cha vijana wapenda sinema. Mwaka 1968 alitengeneza sinema yake ya kwanza, Cabascabo, yenye urefu wa dakika 45 hivi, isiyo ya rangi. Yeye mwenyewe alikuwa mwandishi, mwongozaji na mchezaji mkuu. Watu wa sinema hiyo husema Kizarma, lugha yao.

Hadithi ni ya askari anayerudi kutoka Indochina akiwa na fedha mfukoni. Anapokewa kwa shangwe. Manju wanamwimbia, marafiki wanajaa uani, wanawake wanamzunguka, naye hagawi kwa kipimo. Fedha zinapokwisha, na marafiki wanakwisha. Anabaki kutafuta kazi ya mikono yake, kama mtu mwingine yeyote.

Linganisheni sinema hizo mbili. Askari ni yule yule, vita ni vile vile, na mwili anaoutazama mtazamaji ni wa mtu yule yule, Oumarou Ganda. Katika sinema ya Rouch kisa chake ni cha kijana anayeonewa na mji, akijifariji kwa ndoto za Marekani. Katika sinema yake mwenyewe hapana Robinson wala Tarzan. Anayehukumiwa ni askari pamoja na jamii iliyompokea: tamaa za jirani, sifa za kununuliwa, ujinga wa kutumia bila kupanga. Mgeni hakuweza kusema hayo bila kuonekana anatutukana. Mwenyeji aliweza, kwa kuwa alianza kwa kujilaumu mwenyewe. Nadhani hiyo ndiyo faida kubwa ya mtu kujisimulia, na ni kubwa kuliko ile ya kujisifu. Mwenye nyumba anajua pa kuonesha ufa.

Cabascabo ilioneshwa katika tamasha la Cannes mwaka 1969. Ganda hakuishia hapo. Sinema yake iliyofuata, Le Wazzou polygame, ilimhusu Alhaji mmoja anayeoa binti aliyekwisha kuahidiwa kijana mwingine, na maafa yanayoifuata ndoa hiyo. Mwaka 1972 ilipata tuzo kuu katika tamasha la sinema la Afrika huko Ouagadougou, Farasi wa Yennenga, ikiwa ni mara ya kwanza kabisa tuzo hiyo kutolewa. Mwaka huo huo alitoa Saïtane, na mwaka 1980 L'Exilé. Mwaka uliofuata, siku ya kwanza, akafariki, umri wake ukiwa miaka 45. Kituo cha utamaduni mjini Niamey kimepewa jina lake, na tamasha la Ouagadougou lina tuzo ya Oumarou Ganda kwa mtu anayetoa sinema yake ya kwanza. Naona tuzo hiyo imefaa kuliko sanamu.

Wala hakuwa peke yake. Safi Faye wa Senegali, aliyezaliwa mwaka 1943, alikuwa mwalimu wa shule ya msingi alipokutana na Rouch katika tamasha la sanaa la Dakar mwaka 1966. Alicheza katika sinema yake Petit à petit, kisha akaenda Paris kusomea mila za watu na ufundi wa sinema. Mwaka 1975 alitoa Kaddu Beykat, iliyopigwa kijijini kwa wazazi wake, ambamo wakulima wa kweli wanazungumza shida ya karanga na kodi, na katikati yake pana hadithi ya kijana anayekwenda mjini kutafuta mahari. Alifariki mwaka 2023. Rouch naye alifariki kwa ajali ya gari nchini Niger mwezi Februari 2004, akiwa na miaka 86, akazikwa Niamey. Watu wa Niger walimzika kama mtu wao, na sioni kwamba jambo hilo linapingana na malalamiko ya Ganda. Mtu aweza kumshukuru aliyemfungulia mlango, na bado akakataa kukaa pale alipomwonesha kiti.

Jambo la kufanya hapa shuleni

Ndugu zangu tuliomaliza zamani, na ninyi wadogo zetu mlioko madarasani, historia isiyotutaka tufanye jambo lolote ni mzigo wa mtihani tu. Shule yetu ina historia yake. Imo katika ripoti za mwaka, katika picha za timu za mpira zilizotundikwa ofisini, na katika hotuba tunazopeana kila mkutano. Humo mnasema wakuu wa shule, wageni rasmi na sisi tuliofanikiwa kidogo. Hawamo wapishi waliopika ugali wa watu mia kadhaa kwa kuni mbichi. Hayumo mlinzi aliyetujua kwa mwendo wetu gizani. Hawamo waliofukuzwa kwa kukosa karo, wala waliorudi vijijini baada ya mtihani na hatukuwaona tena. Wakitajwa, sisi ndio tunaowataja, tena kwa kuchekesha.

Napendekeza umoja wetu utoe fedha za kununua vinasa sauti viwili, vikabidhiwe Chama cha Historia cha shule. Kila mwaka wanafunzi wawasikilize watu kumi wa namna hiyo, mahali wanapoishi, kwa lugha watakayoichagua wenyewe.

Nawaombeni pia mfuate masharti matatu, ambayo nimeyatoa katika habari nilizozieleza. Kwanza, kabla ya kuchapisha, mrudieni msemaji mkamsikilizishe yote, kama ilivyofanyika Ayorou, na akisema muziki wenu utamkimbiza kiboko, uondoeni. Pili, mkipenda kuigiza kisa chake jukwaani siku ya wazazi, na kuongeza chumvi ili kipendeze, semeni wazi mbele ya watu lipi ni lake na lipi mmebuni, na yeye akae safu ya mbele. Tatu, na hili ndilo gumu, akisema kwamba angependa kuandika mwenyewe, mpeni kalamu na kurasa katika jarida hili, nanyi mkae pembeni. Nikiambiwa kurasa hazitoshi, niko tayari mwaka ujao kuziachia hizi zangu.